Sauti Iliyonenepeshwa

Kipindi kilipokwisha, mama alipunguza redio, akarudi kwenye vitunguu vyake, kisha akauliza kwa upole kabisa kama mguu wa fundi umepona.

Mwandishi alikuwa amekaa mezani akijipongeza kimyakimya, na alikuwa na haki hiyo. Kazi yake ya miezi mingi ilikuwa imerushwa hewani asubuhi hiyo ya Jumamosi bila redio kuzimwa, bila mhariri kuzimia, na bila mtu yeyote kugonga mlango kwa buti. Alikuwa ameinua kikombe cha chai. Kikombe kikasimama njiani.

"Fundi gani, mama?"

"Huyo aliyekuwa anaongea. Fundi Nyuzi. Mara ya mwisho si alikuja anachechemea?"

"Mama, ile sauti nimeinenepesha."

"Nimesikia. Umemfanya kama mtu anayeongea ndani ya pipa. Lakini ni yeye."

Basi hofu ikaingia jikoni. Haikupiga hodi wala haikuvua viatu. Ilivuta kiti ikakaa, na siku hiyo nzima haikuaga.

Inafaa ieleweke kwamba mama hakuwa msikilizaji wa kawaida. Alikuwa matroni mstaafu wa bweni la wasichana. Maisha yake yote ya kazi alisimama koridoni gizani baada ya taa kuzimwa, akisikiliza minong'ono, na kulipokucha mtu aliitwa kwa jina lake kamili akafyeke nyasi. Wasichana walijaribu kuongea puani, wakajaribu kuongea ndani ya blanketi, mmoja akajaribu kuongea kama babu yake. Wote walifyeka. Kwa mama, unene au wembamba wa sauti ulikuwa sawa na sare ya shule: haumfichi mtu, unamvisha tu.

Fundi Nyuzi alikuwa na mazoea ya kugonga ulimi kabla ya kujibu swali, kisha kusema "kwa lugha nyepesi", hata pale alipokuwa anaeleza jambo zito la kutisha. Mwandishi alikuwa amezisikia "lugha nyepesi" hizo mara nyingi mno hadi akaacha kuzisikia. Alipohariri mazungumzo alikata kila jina, kila mtaa, kila kitu cha kumtambulisha mtu. Akabonyeza kitufe cha kunenepesha sauti, akaenda kula. Ndimi zote zilizogongwa zikabaki palepale, zimejipanga kama wanafunzi mstarini asubuhi.

Na huyu ndiye ambaye kazini walimwita Kufuli. Ndiye aliyewafundisha waandishi wenzake kulinda simu zao, aliyewakemea kwa nywila zao za siku ya kuzaliwa, na ambaye kila kukiwa na jambo nyeti alizima simu yake na kuifungia ndani ya bati la biskuti, wenzake wakimuuliza kama inaiva.

Fundi Nyuzi naye aliajiriwa na serikali, kwenye jengo la heshima lenye maua mlangoni. Ghorofani kulikuwa na chumba kilichoandikwa "Vifaa vya Usafi", na ndani yake hakukuwa na ufagio hata mmoja. Kulikuwa na mtambo wa kusikiliza simu za watu. Walisikilizwa mawakili, walimu, viongozi wa wafanyakazi, na hakuna hakimu aliyewahi kuombwa kibali. Kazi ya Nyuzi ilikuwa kuutibu mtambo ukiugua. Siku moja, akiujaribu kama umepona, alimsikia muuguzi akimweleza dada yake matokeo ya vipimo vyake mwenyewe, analia. Nyuzi alivua vifaa masikioni. Wiki ile ile akamtafuta Mwandishi.

Walikutana nyumbani kwa mama, Nyuzi akija na mfuko wa vifaa kama fundi wa umeme. Mama hakutaka ujanja uende bure. Kila alipokuja alimpa kitu cha kutengeneza: pasi, feni, taa ya kitandani, na hatimaye redio, ile ile iliyokuwa imemtangaza asubuhi hiyo.

"Mama," Mwandishi akasema, "kama wewe umemjua..."

Hakumaliza. Kwenye kile chumba walikuwamo watu wanaolipwa mshahara kwa kusikiliza sauti, na Nyuzi wanakula naye chakula cha mchana.

Mkono wake ulikwenda kwenye simu, ukarudi. Nyuzi alishamwambia mapema kwamba namba yake Mwandishi imo mtamboni, tena juu kabisa ya orodha. Kumpigia simu kumwonya kungekuwa ni kumpeleka mwenyewe kwa kamba shingoni. Akaifungia simu batini, akalitia bati mkobani, akavaa viatu. Alipofika mlangoni mama alikuwa tayari amesimama hapo na kitambaa chake cha njano kichwani na mfuko wake wa kijani wa kufumia. Mwandishi akamwomba abaki. Mama akamjibu kwamba hajawahi kumwacha mtoto aliyeharibu jambo aende kulirekebisha peke yake, maana huwa analiharibu zaidi.

Dereva wa teksi alikuwa amesikiliza kipindi, na alitaka kuzungumza. Alisema jamaa yule ana roho ya chuma, kwamba kipindi kitarudiwa saa moja jioni, na kwamba yeye angekuwa ndiye, saa hizi angeshavuka mpaka anauza maji ya chupa nchi nyingine kwa jina la shangazi yake. Mwandishi aliangalia kioo cha nyuma njia nzima. Kila gari lililokuwa nyuma lilimfuata, na lililokata kona lilimtisha zaidi, kwani alijiuliza linakwenda kumwambia nani.

Mke wa Nyuzi alikuwa mshonaji. Alifungua mlango kiasi cha jicho, futi ya kupimia ikimning'inia shingoni, na hakuuliza wao ni nani.

"Umechelewa," akasema.

Aliwaingiza ndani, akawatuma watoto kwa jirani, akasimama nyuma ya cherehani kama mtu aliyesimama nyuma ya ukuta, akamsikiliza Mwandishi akisema kwamba hata mama yake ameitambua ile sauti. Akaeleza kwamba mumewe alikuwa ameondoka. Alivaa viatu vya kazini, akasema ofisini mtambo umeharibika, wanamtaka. Gari jeupe lisilo na maandishi likasimama nje, akapanda.

"Jumamosi?" mama akauliza.

"Huitwa Jumamosi, mama. Ukiharibika anaitwa hata usiku. Ndiyo maana sijui." Akamgeukia Mwandishi. "Nimelala kando ya sauti ile tangu nikiwa msichana. Ilipotoka tu redioni nikaacha kushona. Nikajiambia labda ni mimi tu ninayemjua. Sasa naona na mama wa watu anamjua. Haya, niambie wewe uliyesoma: ameitwa kutengeneza mtambo, au ameitwa yeye?"

Hilo ndilo lililokuwa swali, na uzito wake Mwandishi aliuona wote kwa mara moja, akakaa bila kukaribishwa. Kwa watu wa kazi yake kulikuwa na njia moja tu ya kumsaidia mtu aliyechukuliwa kimyakimya: kumtaja kwa kelele. Mtu ambaye nchi nzima inauliza yuko wapi, ni vigumu kumpoteza. Lakini kama Nyuzi alikuwa ameinama tu kwenye mtambo mbovu, na bosi wake hajatambua lolote, basi kumtaja redioni kungekuwa ndiyo kumkamata. Akinyamaza na kumbe wamemchukua, angekuwa amewapa usiku mzima wa kufanya watakalo. Kumtaja au kutomtaja, kimojawapo kingemuua, naye hakujua ni kipi.

Alilieleza hilo kwa sauti. Akaeleza pia kwamba Nyuzi alisema siku ya kwanza kabisa kuwa yeye akipotea, mwenye kauli ni mke wake. Mke alisikiliza, akiikunja futi kidoleni, akiikunjua.

Mama akaingilia. Bwenini, akasema, kuna usiku hakuna anayenong'ona lakini unajua kuna aliye macho. Kuuliza hakusaidii, wote watakoroma kwa pamoja. Yeye alikuwa anaangusha sarafu koridoni, kisha anasikiliza kitanda kipi kimelia.

Walimtazama.

"Huo mtambo," mama akasema, "ni mzima au mgonjwa? Uangushieni sarafu."

Mwandishi alielewa. Kama mtambo umeharibika kweli, simu yake leo haisikilizwi na mtu. Kama ni mzima, lolote atakalosema litasikika, na watu watakuja. Ilitosha kusema uongo mtamu kwenye simu na kuangalia nani anaufuata. Ilibaki nani aende kukaa na uongo huo mapajani. Kabla hajamaliza kukataa, mama alikuwa ameshauliza duka la mikate liko upande gani.

Duka la mikate lilikuwa na meza mbili nje, barabara kuu ya mtaa ule. Mkabala nalo kulikuwa na saluni. Mama alikaa kwenye meza ya nje, njano kichwani, kijani magotini, akaagiza soda. Mwandishi na mke wa fundi waliingia saluni wakaomba viti vya dirishani. Msusi akauliza wanataka nini. Mwandishi akasema kukaushwa. Msusi akamwambia nywele zake ni kavu. Mwandishi akajibu zikaushwe zaidi, na msusi, ambaye alikuwa ameona wateja wa kila aina, akamshushia lile kofia kubwa la kukaushia mpaka nyusini.

Humo ndani ya upepo wa moto, akiwa anatokwa jasho baridi, alifungua bati, akawasha simu, akapiga. Ng'ambo ya barabara alimwona mama anapapasa mfuko.

Walikuwa wamekubaliana maneno machache ya kawaida. Mama aliyasema vizuri mwanzoni, kisha akanogewa. Alisema ndiyo, yuko nje ya duka la mikate, kitambaa cha njano. Akasema mzigo anao kwenye mfuko wa kijani. Akasema ni mzigo mkubwa, una siri zote, hata zile za wakubwa, na kwamba anamngoja mzungumzaji wa redioni aje auchukue mwenyewe. Mwandishi akakata simu kabla mama hajaongeza bunduki.

Kisha wakangoja.

Hakuna lililotokea, na hilo lilikuwa baya kuliko chochote. Mwanamume alisimama karibu na mama, akafunga kamba ya kiatu, akaenda. Mwingine akamwomba nafasi ya kukaa, akala andazi lake lote akimtazama. Mke wa fundi alimshika Mwandishi mkono, akaubana, na kila mtu alipoenda zake mkono ulilegea kidogo. Baada ya muda alianza kunong'ona kwamba labda kweli, labda umeharibika kweli, labda yuko kule amelala chini ya mtambo wake na tochi mdomoni kama kawaida yake. Mwandishi hakuwahi kutamani kitu kibovu namna ile. Aliuombea ule mtambo uoze.

Msusi alimuuliza kama anataka apunguze moto. Alipogeuka kumjibu, alisikia breki.

Gari lilikuwa jeupe, halina maandishi. Walishuka wawili, mashati yamechomekewa vizuri, hawakukimbia. Mmoja akakaa mbele ya mama bila salamu. Mwingine akauchukua mfuko wa kijani magotini mwake kama anayepokea mtoto, akaumimina mezani.

Mke wa fundi alitoa sauti ndogo, akaikaba kwa kiganja.

Ukatoka uzi wa sufu, sweta la mtoto lisilo na mikono, dawa za presha, miwani, kandambili moja. Yule kijana akapekua mpaka mshono wa chini, akachomwa na sindano ya kufumia, akanyonya kidole. Kwa jinsi mama alivyosimulia baadaye, waliuliza mzigo uko wapi, naye akawaambia mzigo ndio huo, na siri ni kwamba sweta ni la mjukuu ambaye bado hajapatikana kwa sababu binti yake ameolewa na kazi. Waliuliza aliyepiga simu yuko wapi. Akajibu ni mwanawe, na kama wao wana mama, nao wangekuwa wanampigia. Kisha akawaonyesha meza kwa kidole.

Waliyoyaona wanawake wawili wa dirishani ni haya: wanaume wazima, wa serikali, wakiokota uzi na kuuzungusha kwenye bonge lake, wakikunja sweta, wakilikunjua, wakilikunja upya kwa sababu mara ya kwanza halikukaa sawa.

Ingekuwa siku nyingine Mwandishi angecheka mpaka kofia la saluni ling'oke. Lakini kitanda kilikuwa kimelia. Mtambo ulikuwa mzima. Kwa hiyo hakuna aliyemwita fundi kutengeneza chochote.

Gari lilipoondoka, mke wa fundi hakulia. Aliuliza kituo cha redio kiko wapi.

Mhariri alikuwa mtu mwema, mwenye watoto shuleni na leseni ukutani, na alivitaja vyote viwili. Alisema wakimtaja mtu aliye mikononi mwa serikali, Jumatatu hakutakuwa na redio. Mwandishi alimwambia kosa ni lake, alibonyeza kitufe kimoja akaenda kula, na kama kuna wa kufukuzwa ni yeye, ila baada ya marudio ya saa moja jioni. Mhariri alivua miwani akaifuta kwa muda mrefu kuliko uchafu uliokuwapo. Kisha akafungua mlango wa studio.

Mwandishi alikuwa ameandika la kusema. Taa nyekundu ilipowaka, alilitazama jina kwenye karatasi, likakataa kutoka. Kwa kazi yake yote aliapa kuficha majina; mdomo wenyewe ulikuwa haujui njia nyingine. Mke wa fundi aliiona hali hiyo, akaivuta maikrofoni kwake.

Alisema jina la mumewe, la baba yake na la babu yake. Akasema mahali anapofanya kazi, na kilichoandikwa kwenye mlango. Akasema rangi ya gari, na shati alilovaa, kwamba yeye mwenyewe alilishona na kola imegeuzwa. Sauti yake ilikuwa inatetemeka, naye hakuificha.

"Yule mliyemsikia asubuhi ni mume wangu," akasema. "Nataka arudishwe kwa miguu yake. Mwenye simu, piga pale ofisini umuulizie. Wanapenda simu."

Watu wakapiga. Walipiga ofisini, wakapiga redioni, na wengine wakaja kusimama kwenye geti la redio, teksi kadhaa zikiwa na milango wazi. Baadaye msemaji wa ile ofisi alitoa taarifa kwamba mtumishi huyo alikuwa kwenye kikao cha kawaida cha kikazi na kwamba kikao kimekwisha. Waliomrudisha hawakupita getini kwenye watu. Walimwacha kona ya nyuma ya jengo la redio, akaingia peke yake kando ya ukuta, akichechemea, hana mkanda wala simu, mkono umeshika suruali.

Mkewe alimpapasa uso, mabega, vidole kimoja kimoja, kama anayekagua nguo kabla ya kuikabidhi. Kisha akamwambia mtambo ulikuwa mzima.

"Najua," Nyuzi akasema. "Hakuna aliyenipigia. Nilijisikia redioni asubuhi nikajua watakuja. Nilivaa viatu nikangoja. Lile la mtambo nililisema mimi, usije ukalia mbele ya watoto."

Mwandishi alijongea akaanza kuomba radhi. Nyuzi alimtazama bila hasira, na hapo ndipo Mwandishi alipozidi kuogopa, maana hasira angeizoea.

"Mchana kutwa wamenichezea ile sauti," akamwambia. "Nene, nyembamba, nene. Wananiuliza ni wewe? Nasema si mimi. Mmoja alishaanza kuamini, dada. Kweli nakwambia. Halafu saa moja wakawasha redio." Akaipandisha suruali. "Sasa sijui kama mmenitoa au mmenitaja. Na nyinyi hamjui."

Mkewe akamshika mkono ule usioshika suruali.

"Kesho watarudi?" akamuuliza.

"Kesho hapana. Kesho Jumapili, nusu yao wanapumzika."

Pengine alikusudia iwe mzaha. Mhariri alijaribu kucheka, ikatoka pumzi tu. Mama alikuwa ameshasogea dirishani, akitazama barabara kupitia upenyo wa pazia, na bila kugeuka alianza kupanga nani atalala chumba gani nyumbani kwake, watoto wachukuliwe kwa jirani kupitia mlango wa nyuma, na taa zote zizimwe mapema.